Hideyoshi kuizamisha ngome ya Takamatsu 1582: tuta la kilomita 3 kwa siku 12, mnaliamini?

#1 Mchimba Mfereji
Wakuu, salama?

Nimekuwa nikifuatilia vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Japani, karne ya 16, kile kipindi kila bwana ana jeshi lake na mfalme yupo Kyoto kama pambo. Kuna mzingiro mmoja unanikosesha usingizi.

Mwaka 1582 Hashiba Hideyoshi (baadaye ndiye Toyotomi Hideyoshi), jemadari wa Oda Nobunaga, bwana mwenye nguvu kuliko wote wakati huo, anaingia mkoa wa Bitchu na watu kama 30,000, kati yao 10,000 wa ukoo wa Ukita. Mbele yake ipo ngome ya Takamatsu, leo ni ndani ya jiji la Okayama. Aliyemo ni Shimizu Muneharu na watu wasiozidi 5,000, anailinda kwa niaba ya ukoo wa Mori.

Ngome yenyewe haipo mlimani. Ipo bondeni katikati ya kinamasi. Farasi anadidimia, mtu anadidimia, pa kupita ni pembamba. Wakashambulia, wakachapwa. Muneharu akaahidiwa mkoa mzima wa Bitchu ili ahame upande, akakataa.

Basi Hideyoshi akaona kama kinga yao ni maji, atawaongezea maji. Akajenga tuta, akaugeuzia mto Ashimori bondeni, na msimu wa mvua ukamalizia kazi. Ngome ikabaki kisiwa kwenye ziwa la hekta 188 hivi.

Sasa simulizi inadai tuta hilo lilikuwa karibu kilomita 3, kimo mita 7, upana chini mita 24 na juu mita 12. Siku 12, limekwisha! Mimi shughuli zangu ni skimu za umwagiliaji, matuta ndiyo ugali wangu. Nasema hapana. Nishawishini.

#2 Bisi na Juisi
Nimeshakaa siti ya mbele. Endeleeni.

#3 Mwalimu wa Zamu
Mada tamu hii. Mleta uzi umesahau kitu kimoja muhimu: malipo. Simulizi haisemi askari peke yao ndio waliojenga. Hideyoshi alitangaza kwamba kila atakayeleta gunia la udongo atalipwa pesa na mchele, sarafu 100 na shoo moja ya mchele (kama lita 1.8) kwa gunia. Wakulima wa eneo zima wakamiminika na magunia. Wazo lenyewe wengi wanampa mshauri wake, Kuroda Kanbei. Na penye mkondo mkali wa mto, walizamisha mashua zilizojazwa mawe.

Kwa hiyo usipige hesabu ya askari tu.

#4 Mchimba Mfereji
Mwalimu, asante, ila umenipa silaha.

Tuta hilo nikikata wastani wa upana mita 18, kimo 7, urefu tuseme 2,800: napata mita za ujazo zaidi ya 350,000. Gawa kwa siku 12, karibu 29,000 kwa siku. Maana yake jeshi lote la 30,000, kila mtu, mpishi na mpiga tarumbeta akiwemo, achimbe, abebe, amwage na ashindilie karibu mita moja ya ujazo kila siku. Kwa majembe na vikapu. Kwenye mvua. Huku adui anakutazama.

Kuhusu magunia, nimeona idadi inayotajwa ni zaidi ya milioni 6. Shoo moja kwa gunia, hiyo ni zaidi ya tani 9,000 za mchele. Mtu mwenye tani 9,000 za mchele wa kugawa vitani ana haja gani ya kupigana? Anunue tu ngome.

#5 Pwani Hadi Bara
Mita moja ya ujazo kwa siku si miujiza, kiongozi. Kibarua wa kuchimba msingi kwa jembe na chepe anavuka hapo kama udongo ni mlaini. Hapo kinamasini udongo ni siagi.

#6 Mchimba Mfereji
Kuchimba, ndiyo. Ila kuchimba, kubeba mita mia, kupanda nao mita saba na kushindilia? Na tope la kinamasi hulijengei tuta, linatiririka. Unahitaji udongo wa mlimani.

#7 Nyanza Kando ya Mto
Niaje watu wangu. Mimi natoka Budalangi, Kenya, tumeishi na tuta la mto Nzoia maisha yetu yote. Niwaambie siri: ukubwa si shida, shida ni tuta bichi. Tuta ambalo halijakaa, maji yakipanda usiku mmoja, linapasuka mahali usipopategemea, unaamka na kuku wanaelea. Kujenga siku 12 naweza kukubali. Kujenga siku 12 na lisimame chini ya mvua mpaka mwenye ngome asalimu, hapo ndipo nataka maelezo.

#8 Sakura wa Tandale
Nilisoma Japani miaka kadhaa na niliwahi kufika hapo Takamatsu. Sasa ni bustani, na kiangazi mayungiyungi yanajaa kwenye dimbwi lililobaki. Kutoka hapo unatembea kwa mguu hadi sehemu inaitwa Kaerugahana, ambapo kipande cha tuta bado kipo. Wameshachimba kitaalamu wakakuta nguzo za mbao na alama za magunia ya majani. Kwa hiyo kwamba tuta lilijengwa, huo si ubishi.

Ubishi ni urefu. Wapo watafiti wanaosema hakukuwa na haja ya kilomita 3, kwa sababu kando ya mto Ashimori tayari kulikuwa na kingo za asili, mchanga uliorundikwa na mafuriko ya miaka mingi. Bonde lile lina vilima pande nyingine. Ulichotakiwa kuziba ni pengo la kama mita 300 hapo Kaerugahana, basi. Na mwaka 1985 mvua kubwa ilipopiga, eneo la ngome lilifurika tena bila Hideyoshi wala Kanbei.

#9 Mchimba Mfereji
Sakura, ubarikiwe. Mita 300 kwa vipimo vilevile ni chini ya mita za ujazo 38,000. Hiyo ni kama 3,200 kwa siku. Watu elfu nne tano wanaimaliza na muda wa kuvuta pumzi wanabaki nao. Hapo nakunja mkeka.

#10 Mwalimu wa Zamu
Usikunje haraka. Kingo za asili zina matundu. Huwezi kuliacha ziwa likae juu ya kingo ambazo hujaziinua na kuziba. Inawezekana kabisa mita 300 ni tuta jipya kamili, na kilomita zilizobaki ni kuongeza nusu mita hapa, mita mbili pale. Halafu mwandishi aliyekuja baadaye akaandika zote kwa kipimo cha pale palipo parefu zaidi. Kilomita 3 na mita 300 zote zikawa kweli.

#11 Pwani Hadi Bara
Au mwandishi aliyekuja baadaye alikuwa anakula kwa Hideyoshi. Huyu bwana alianzia chini kabisa, akamaliza akiwa mtawala wa Japani nzima, na alilipa watu wamsifie. Hii ya siku 12 ni chai. Tena chai ya maziwa.

#12 Bisi na Juisi
Chai ya maziwa na tangawizi 😂

#13 Nesi wa Zamu ya Usiku
Naomba niwatoe kwenye udongo kidogo. Nimesoma juu juu kuhusu huyu Hideyoshi na kilichonishtua si Takamatsu, ni mwaka mmoja kabla, Tottori, 1581. Pale hakujenga chochote cha maana zaidi ya kuzunguka ngome. Inasimuliwa kwamba kabla ya vita wafanyabiashara walitumwa kununua mchele wa eneo zima kwa bei ya juu, na hata ghala la ngome likauza. Kisha akawafukuzia wanavijiji ndani ya ngome ili midomo iongezeke. Wakala farasi, wakala majani, kumbukumbu za zama hizo zinasema wakafika hadi kula maiti. Mkuu wa ngome, Kikkawa Tsuneie, akajiua ili waliobaki waachwe.

Sasa sikieni hili. Waliponusurika wakapewa chakula, na zaidi ya nusu wakafa palepale baada ya kula. Waliandika kama maajabu. Sisi wodini tunalijua. Mtoto mwenye utapiamlo mkali akiletwa, humpi ubwabwa hata mama akilia. Unaanza na maziwa maalumu mepesi, F-75, kidogo kidogo kila baada ya saa chache, kwa sababu mwili uliozoea njaa ukipata wanga ghafla, fosfati kwenye damu inaporomoka na moyo unasimama. Nilipokuwa mgeni kazini kuna bibi alimpenyezea mjukuu wake uji mzito usiku, kwa huruma tu. Sitaki kueleza asubuhi ilikuwaje. Niliposoma Tottori nikamkumbuka yule bibi.

#14 Sakura wa Tandale
Dah. Pole, dada. Na kabla ya Tottori kulikuwa na Miki, karibu miaka miwili ya njaa, 1578 hadi 1580. Ukiziangalia zote tatu unaona Hideyoshi hakupenda kupoteza askari kwenye kuta.

#15 Nyanza Kando ya Mto
Nesi umenifungua macho. Nadhani Takamatsu hawakushindwa na kina cha maji. Mafuriko yakiingia kwenu, kwanza choo kinapanda juu. Kisima kinaharibika. Kuni zimelowa, hupiki. Mchele wa ghalani unaota. Watu elfu kadhaa wamejibana juu ya mapaa kwenye joto la mwezi wa sita wa Japani! Hapo tuta likipasuka au lisipasuke, siku kumi zinatosha.

#16 Mwalimu wa Zamu
Hoja nzuri, ila usisahau jeshi la uokoaji lilikuwa limeshafika. Mori Terumoto, mkuu wa ukoo, alibaki nyuma kwenye ngome ya Sarukake, ila wajomba... samahani, baba zake wadogo wawili, Kikkawa Motoharu na Kobayakawa Takakage, walikuwa vilimani ng'ambo, wanaiona ngome. Hawakuweza kufika. Ziwa liliwazuia wao kama lilivyowazuia waliomo. Kwangu mimi tuta lilijengwa kwa ajili yao zaidi.

#17 Pwani Hadi Bara
Ndiyo maana wakataka mazungumzo. Wakamtuma mtawa wao, Ankokuji Ekei. Mori wakawa tayari kutoa mikoa mitano, Hideyoshi akasema sawa, ila kichwa cha Muneharu nacho nakitaka. Mori wakagoma kwenye hicho kichwa. Halafu tarehe 2 Juni Nobunaga akauawa Kyoto na mtu wake mwenyewe, Akechi Mitsuhide, kwenye hekalu la Honnoji. Ambaye, chekeni, alikuwa ameamriwa aende Takamatsu kumsaidia Hideyoshi!

#18 Sakura wa Tandale
Marekebisho madogo: ni siku ya 2 ya mwezi wa 6 kwa kalenda yao ya zamani. Kwa kalenda waliyotumia Wazungu wakati huo ni tarehe 21 Juni. Ndiyo maana mvua zilikuwa zimekolea.

#19 Pwani Hadi Bara
Sawa mkuu wa kalenda. Usiku wa siku ya 3 habari ikamfikia Hideyoshi. Inasemekana mjumbe wa Mitsuhide aliyekuwa anapeleka barua kwa Mori alipotea njia akadakwa na watu wa Hideyoshi. Akafunga njia zote, akamwita Ekei usiku uleule, akalegeza masharti ya ardhi, ila Muneharu afe. Siku ya 4 Muneharu akapanda mashua ndogo pamoja na kaka yake mtawa na wenzake wachache, wakasogea katikati ya ziwa mbele ya majeshi yote mawili, akacheza, akaacha shairi, akajipasua tumbo. Waliobaki ngomeni wakaachwa hai.

Mnataka kuniambia mjumbe wa siri namna hiyo *kwa bahati* akaangukia kambi ya adui? Hideyoshi alijua mapema. Inawezekana alijua kabla hata Nobunaga hajafa.

#20 Bisi na Juisi
Hii ndiyo niliyokuwa naisubiri 🍿

#21 Mwalimu wa Zamu
Hapana. Kama alijua kabla, kwa nini awe amekwama umbali wa zaidi ya kilomita 200 na Mori mzima mbele yake? Mtu mwenye njama anajiweka karibu na kiti. Hideyoshi aliyapokea mabaya akayageuza. Na njia za habari za nchi nzima zilipita kwake kuelekea magharibi, mjumbe yeyote wa kwenda kwa Mori ilibidi avuke mistari yake.

#22 Pwani Hadi Bara
Na ile mbio? Jeshi zima kutoka Takamatsu hadi Yamazaki nje ya Kyoto, siku ya 13 wameshampiga Mitsuhide. Himeji, katikati ya njia, wamefika ndani ya siku chache huku mvua inanyesha. Mwenzako aliandaa njia, nakwambia.

#23 Sakura wa Tandale
Njia iliandaliwa, ila si lazima kwa njama. Kuna wanaoeleza hivi: Nobunaga mwenyewe alikuwa anakuja Takamatsu. Hideyoshi alikuwa amemwomba aje amalizie ushindi, unajua tena heshima ya bosi. Kwa hiyo barabarani kulikuwa kumeandaliwa pa kulala, chakula na farasi kwa ajili ya msafara wake. Bosi akafa, maandalizi yakabaki, Hideyoshi akayatumia kurudi. Na Himeji ilikuwa ngome yake mwenyewe, inasimuliwa alifungua hazina akagawa fedha na mchele wote kwa askari.

#24 Jahazi la Kusini
Hodi jamani. Mmetaja Honnoji mkapita kimya? Mtu wetu alikuwepo pale! Yasuke, Mwafrika aliyekuwa mtumishi wa Nobunaga. Alifika Japani 1579 na padri Alessandro Valignano, Nobunaga akampenda 1581, akampa nyumba na upanga. Usiku wa Honnoji alipigana kwa upande wa mtoto wa Nobunaga mpaka wakamshika. Kijana wa Msumbiji huyo, labda alikuwa anaongea lugha yetu!

#25 Mwalimu wa Zamu
Karibu. Kuwepo kwake ni kweli, na kwamba Mitsuhide alimwachia akapelekwa kwa mapadri ni kweli. Ila hiyo Msumbiji imeandikwa na padri Mfaransa miaka zaidi ya 40 baadaye. Valignano alipitia Msumbiji akielekea India, ila wapo wanaodhani Yasuke alitokea kwingine kabisa. Kiswahili cha Yasuke kibaki kwenye maombi yako.

#26 Jahazi la Kusini
Naomba kwa bidii zote, mwalimu.

#27 Nesi wa Zamu ya Usiku
Mimi narudi kwa Muneharu. Je, alijua? Maana kama Nobunaga ameshakufa, angevuta siku mbili tu angepona, Hideyoshi angeondoka.

#28 Mwalimu wa Zamu
Hakujua. Na Mori nao walipata habari mashua imeshatoka. Masimulizi ya baadaye yanasema Motoharu akataka wawafukuzie nyuma, Takakage akakataa, tumekula kiapo. Wengine wanasema Hideyoshi alibomoa tuta akiondoka, bonde likawa tope tupu, asifuatwe.

#29 Pwani Hadi Bara
Kiapo! Takakage alipewa mkoa wa Iyo miaka mitatu baadaye. Na Ekei naye akapanda cheo kwa Hideyoshi. Mimi naona mtawa na Takakage walishasoma upepo. Muneharu ndiye aliyelipa bili ya meza nzima.

#30 Sakura wa Tandale
Upande mwingine: mali za Mori zilikuwa zimekwisha. Miaka kadhaa ya vita, ngome moja baada ya nyingine imeanguka, Ukita amewahama. Wangemfukuza kwa miguu ya nani? Huhitaji njama wala kiapo, uchovu unatosha. Na mtoto wa Muneharu, Kageharu, alitunzwa vizuri na Takakage huyohuyo.

#31 Jaruba la Mkoloni
Wakuu, nalima mpunga Usangu, nimesoma uzi wote na hakuna aliyeuliza la maana. Mwezi wa tano na wa sita Japani ndio wanapandikiza miche. Hekta 188 mlizotaja si ziwa, ni mashamba ya watu. Miche inaweza kukaa chini ya maji siku chache, baada ya hapo inaoza. Halafu udongo wa tuta mnadhani ulitoka wapi? Wa juu, wenye rutuba, ulio karibu. Mkulima analipwa shoo ya mchele abebe shamba lake mwenyewe kwenye gunia. Mwaka ule walivuna nini?

#32 Mchimba Mfereji
Jaruba umenikamata. Niko kwenye hesabu za tuta tangu asubuhi, sikuwaza shimo.

#33 Nyanza Kando ya Mto
Hiyo hoja inaniunganisha na nyingine. 1590, Hideyoshi akiuzingira ukoo wa Hojo kwenye ngome yao ya Odawara, alimtuma ofisa wake Ishida Mitsunari kwenye ngome ya Oshi. Huyu naye akaiga mbinu ya bosi, tuta linalotajwa kuwa kilomita 28. Mvua ikaja, tuta likapasuka, likazamisha watu wake mwenyewe. Ngome haikuanguka mpaka Odawara iliposalimu. Ndiyo niliyosema kuhusu tuta bichi.

#34 Pwani Hadi Bara
Kilomita 28! Chai hii sasa ni ya mkahawa mzima.

#35 Sakura wa Tandale
Wapo wanaosema humo mwingi ni kuunganisha kingo za mito zilizokuwepo, kama nadharia ya Takamatsu. Na barua zilizobaki zinaonyesha Hideyoshi mwenyewe ndiye aliyekuwa akishikilia maji yatumike, Mitsunari alikuwa na wasiwasi. Usimlaumu kijana.

#36 Mwalimu wa Zamu
Na katikati ya hizo mbili kuna Ota, mkoa wa Kii, 1585. Hapo Hideyoshi mwenyewe alijenga tuta la kilomita kadhaa, likapasuka sehemu moja, akaziba, akaendelea kusubiri mpaka wakatoka. Viongozi zaidi ya 50 wakakatwa vichwa. Mchimba Mfereji, kipande cha lile tuta kipo hadi leo Wakayama. Kama aliweza Ota, kwa nini asiweze Takamatsu?

#37 Mchimba Mfereji
Kwa sababu 1585 alikuwa na karibu nusu ya nchi nyuma yake, na 1582 alikuwa na Ukita na mshahara wa kuazima. Lete siku za ujenzi wa Ota, urefu tu haunitoshi.

#38 Jaruba la Mkoloni
Na leteni za mavuno pia. Bado nasubiri.

#39 Bisi na Juisi
Bisi zimeisha, nakwenda kuongeza. Msifunge uzi.